Kaliandra ya Mama Njeri

Jumatatu, 10 Februari
Nimekamua ng'ombe. Nimekunywa chai. Nimekata kaliandra ya bibi yangu Mama Njeri, ile ua ya majani ya ng'ombe, laini yote, tangu geti mpaka choo. Nimekata chini kabisa, kwa kifundo ya mguu, ndio irudi na nguvu. Kahawa tulikata hivyo huko Murang'a na hakuna mtu alinishinda panga. Wazungu walikuwa wanakuja kuangalia tu mkono yangu. Barasa, jirani, akasimama kwa fensi. Ati, "Mzee, hiyo inakatwa kwa kiuno." Nikamwambia kiuno ni ya kucheza nayo. Akacheka. Na mimi.

Mama Njeri ako na miezi tatu kwa mchanga. Bado sijalia. Watu wanasema mimi ni mgumu. Ni ukweli.

Jumapili, 23 Februari
Hakuna jani hata moja. Kanisani nimeambia watu mimea yangu hulala kwanza kama mwenyewe. Hata pasta alicheka.

Jumatano, 5 Machi
Ng'ombe analia. Anaangalia pale ua ilikuwa. Majani ya mahindi hataki. Maziwa imeshuka nusu. Kaliandra alikuwa anakulia kwa mkono ya Mama Njeri. Mimi ananiona kama mgeni.

Mimi kwa roho sisikii kitu.

Jumanne, 11 Machi
Nimekwaruza shina na kucha. Kavu. Ingine, kavu. Nimekwaruza zote.

Njeri amepiga simu kutoka Nakuru. Anauliza kama maua ya mamake imefungua, ile nyekundu kama brashi. Nikasema mchwa imekula. Mchwa kubwa kama panya. Uongo imetoka tu kwa mdomo. Hakucheka.

Alhamisi, 13 Machi
Nimetoka Endebess asubuhi, nikapitia Kitale, mpaka Kanduyi kwa Nekesa, dada ya Mama Njeri. Mbegu ya kwanza ilitoka kwake. Mama Njeri aliileta kwa leso mwaka ile nilimwoa.

Yake imejaa maua. Maganda inapasuka kwa jua, ta, ta. Njia yote nilikuwa natengeneza hadithi ya mchwa. Nilikuwa nimeongeza hata siafu. Nimekaa, nikasema, "Shemeji, niliikata kama kahawa. Nimeiua."

"Kwani dada yangu hakukuambia?"

Aliniambia. Kila mwaka. Ndio maana alikuwa anakata mwenyewe.

Amenifungia mbegu kwa gazeti. "Hii ukitaka kukata chini, anza na miguu yako." Nimeweka kwa mfuko ya koti, nikashika njia.

Ijumaa, 14 Machi
Nimepigia Njeri. Nimesema haikuwa mchwa.
"Najua, baba."
Basi.

Mbegu inakaa siku mbili kwa maji kabla ya kupandwa, Nekesa alisema. Nimeweka kwa kikombe ya Mama Njeri.

Jumapili, 16 Machi
Sikuenda kanisa. Mbegu imefura. Mvua ilipita jana, mchanga iko laini. Nitapanda jioni, kando ya ile shina. Sitang'oa.

Panga nimepelekea Barasa akae nayo.

Hiyo kikombe ndio nimekuwa natumia tangu tumzike. Siku tatu sasa nakunywa chai na bakuli.