Babu Anselme Brugière: Rudisheni Giza Lake

Mwaka umetimia, Babu, tangu asubuhi ile ya theluji ulipotuacha hapa mjini kwetu Thiers, Ufaransa. Tulitaka kukuandikia maneno ya upole tu. Tumeshindwa. Umefanyiwa jambo baya ukiwa kaburini, na hatuwezi kukukumbuka bila kulisema.

Ulikuwa mpiga picha wa filamu kwa zaidi ya miaka arobaini. Waongozaji walipewa tuzo, waigizaji walipewa maua, wewe uliambulia mgongo mbovu. Hukulalamika. Ulizaliwa kando ya mto, kwenye karakana za wanoa visu, ambako cheche za jiwe la kunolea ndizo zilizokuwa taa, na giza ulilipenda kama mtu anavyopenda mkate wa kwao.

Nyumbani ulipita ukizima balbu chumba kwa chumba. "Ningejua naolewa na popo," Bibi Léonie alikuambia, "ningerudi kwetu nilipofika mlangoni mwa kanisa." Ukamjibu, "Popo hamwoni mkewe, Léonie. Mimi nakuona." Akajifanya amenuna, lakini supu yako ya kabichi siku hiyo ilikuwa na nyama zaidi.

Kazini ulikuwa hivyo hivyo. Shangazi Bernadette, binti yako, anakumbuka mwongozaji mmoja akipiga kelele: "Anselme, utaniulia filamu kwa giza hili!" Nawe ukasema bila kugeuka, "Nionyeshe kitu cha kutazamwa, nikiwashie taa."

Filamu yako uliyoipenda kuliko zote ilikuwa ile ya mjane mwenye kinu cha ngano. Mjane aliigizwa na Hermance Roudaire, aliyekuwa bado kijana wakati ule. Kulikuwa na kipande ambamo anakaa peke yake jikoni baada ya mazishi, analia. Hermance alikataa kukicheza. Alikuwa na msiba wake mwenyewe mwaka ule. Ameturuhusu kusema hadi hapo tu, na hapo tunaishia.

Wewe ulizima taa, moja baada ya nyingine, kisha ukamwinamia. "Lia utakavyo, binti. Kamera itachukua mkono wako na ncha ya shavu, basi. Uso ni wako."

Akalia. Watu waliotazama filamu ile waliona mkono juu ya meza na weusi mtupu, na hakuna aliyecheka. Ulikitunza kipande kile maisha yako yote. Kila nakala mpya ilipotengenezwa ulipanda treni kwenda kuhakikisha weusi umebaki weusi.

Sasa hupo, na wamepata nafasi.

Kampuni iliyonunua filamu imeisafisha kwa mitambo ya kisasa, inayotoa hata kile kilichofichwa na giza. Mwezi wa pili walituita kuitazama kwenye sinema ya mjini kwetu. Tulivaa nguo zetu za kanisani. Hermance alikuja na fimbo yake, akaketi kati yangu mimi mjukuu wako na Bibi. Kabla ya kuanza, bwana mmoja wa kampuni, Tardivel, alisimama mbele akasema: "Tumempa marehemu mwanga aliokosa enzi zake. Vifaa vya wakati ule vilikuwa duni."

"Aliukosa wapi?" Shangazi Bernadette akamkatiza. "Taa zilijaa lori! Alizizima kwa mkono wake!"

Watu wakamwambia anyamaze, filamu inaanza.

Kipande cha jikoni kikafika, Babu. Chumba chote kimejaa mwanga kama duka la nyama. Na katikati yake uso wa Hermance, mkubwa kama ukuta, mdomo wazi, macho yamevimba. Nyuma yetu kijana mmoja akacheka. "Mungu wangu, tazama hizo kamasi!" Hermance alichukua mtandio wake akajifunika kichwa chote. Chini ya mtandio nilimsikia akisema, "Anselme aliniahidi. Aliniahidi."

Taa za ukumbi zilipowaka, Bwana Tardivel akamjia mbio na mikono wazi. "Mama, ni uigizaji bora kuliko wote! Kuuficha ilikuwa dhambi."

"Haukuwa uigizaji," Bibi akamwambia.

Hakuelewa, au hakutaka. Alitueleza kwamba kisheria filamu ni ya mwongozaji, ya aliyeandika hadithi na ya aliyetunga muziki, na kwamba mpwa aliyemrithi mwongozaji amekubali. Mpiga picha hana sauti. Wajane wa wapiga picha hawana. Na wale waliolia mbele ya kamera hawakutajwa kabisa.

Alipoona hatuondoki, akatoa zawadi yake. Jina lako litawekwa juu ya tangazo, kwa herufi kubwa, sawa na la mwongozaji. Babu, hilo halikuwahi kutokea. Baba yangu Firmin, mwanao, alitaka kukubali. "Mama, hilo si dogo," akamwambia Bibi. "Baba angefurahi."

"Baba yako angemtapikia viatu," Bibi akasema. Akamgeukia Tardivel. "Rudisha giza. Kama hurudishi, litoe jina la mume wangu, lisiwepo juu wala chini."

"Lakini, Mama, bila jina nani atamjua?"

"Asijulikane. Afadhali hivyo kuliko kujulikana kama mwongo."

Giza halikurudi. Jina limeondolewa. Filamu inaanza kuonyeshwa Lyon mwezi huu, na popote itakapokwenda hakuna atakayesoma kwamba uliipiga wewe. Imetuuma, tusidanganyane. Bibi hakula siku ile.

Ninyi mnaosoma, mkienda kuitazama, hatuwazuii. Mjane akiingia jikoni na kuvuta kiti, fumbeni macho. Ndivyo tunavyowaomba mumkumbuke babu yetu.

Tunaokulilia ni mkeo Léonie, wanao Firmin na Bernadette, na mimi mjukuu wako Ludivine. Hermance Roudaire ameomba jina lake liandikwe pamoja na majina ya familia, nasi tumeliandika.

Hatutakusahau kamwe, Babu, wala hatutanyamaza.