Udongo Uliokupiga Sikioni

Neema, mjukuu wangu mkaidi,

Bonge la udongo lililokupiga sikioni nimelirusha mimi, na ulistahili. Nilikuita mara tatu hukuitika. Mtu anaitwa na bibi yake, yeye kachuchumaa tu na kisu mkononi kama hasikii! Nikaokota udongo nikarusha. Ukafika karibu na sikio lako ukasimama hewani. Mpaka leo ninapoandika, bado umesimama. Ndipo nilipopiga yowe, na mwanao Pendo mgongoni kwangu naye akapiga.

Barua nimeandika kwa mkono wangu, darasa la tatu lilinitosha. Nimeitia kwenye kopo, nimeliacha njiani ulione utakaponyanyuka.

Unakumbuka ulipokuwa mdogo, mvua ya kwanza ikishanyesha hapa Hombolo tunatoka wawili na kikapu? Nilikufundisha mimi, si mwingine: "Uyoga usio na mdudu hata mmoja, usiutie kikapuni." Ulikuwa unaupuliza, unamtafuta mdudu, ukimwona unacheka. "Bibi, huyu kashaonja!"

Siku ile ulikuja kutoka mjini, Area D, kunionyesha mtoto, ana miezi sita. Nikataka ule mlenda wenye uyoga, ukawasimulie wenzako wa ofisini. Nikakutuma kwenye shamba la zabibu, kwenye lile jiwe jeusi lililoanguka kutoka juu mbinguni wakati wa kiangazi. Lilikuwa limeota uyoga mpana, wa kijivu. Ukaenda ukachungulia, ukarudi. "Bibi, mbona hauna hata sisimizi?"

Nikakujibu, "Chuo kimekufundisha na uyoga? Kachume!"

Nilijua, Neema. Kando ya jiwe lile kulikuwa na mche wa boga wenye ua moja, halinyauki, halizai, wakati maboga mengine tulishayapika tukayamaliza. Nililiona kila asubuhi. Nikanyamaza, maana nilikuwa nimeshajisifu kwa majirani kwamba mbingu imechagua shamba langu. Ningesemaje tena kwamba ninaliogopa?

Ukaniwekea Pendo magotini. "Bibi mshike, narudi sasa hivi."

Hiyo sasa hivi yako! Pendo ameota meno, yameanza kung'oka, amevaa sare ya darasa la kwanza. Wewe jasho lililokuwa shavuni halijafika kidevuni. Wataalamu walikuja na mashine zao, wakaniambia uyoga ule umeivuta saa ikawa nzito, kwako wewe yote haya hayajafika hata pumzi mbili. Wakafunga utepe, wakaondoka. Juzi Pendo kaniuliza, "Bibi, yule dada haumwi magoti?" Nikaingia jikoni nikajifanya napuliza moto.

Ninaogopa. Neno hilo hukuwahi kulisikia kwangu, hata siku tulipomzika mama yako. Kila Jumamosi nachomeka kijiti pale uyoga ulipoishia. Jumamosi inayofuata kijiti kiko ndani. Kuku wangu mweupe kaingia, yuko mguu mmoja juu tangu mavuno. Sasa zimebaki hatua saba kufika mlango wa jiko, na Pendo ni mtoto wa kukimbia. Nikipika, namfunga kwa khanga kiunoni kwangu. Analia, ananiambia mimi mbaya. Heri niwe mbaya.

Kesho nampeleka Makole kwa mama yako mdogo. Mimi narudi hapa. Niliyekutuma ni mimi, siwezi kukuacha peke yako shambani ningali natembea. Lakini miguu hii haitakungoja, na hilo unalijua.

Basi sikia. Kikapu kitupe, usichukue hata kipande. Usirudi kulitazama jiwe. Usipite nyumbani kunitafuta, sitakuwepo. Shika njia ya bwawani, nenda Makole, uulize kwa Pendo. Huenda ukamkuta mtu mzima, ana mvi, ana wajukuu, kakuzidi umri mara mbili. Usije ukasahau ukamwamkia. Mama ni wewe. Simama mlangoni, nyamaza, hata akikukodolea macho mpaka jioni. Yeye ndiye aseme shikamoo, nawe uitikie marahaba, kwa sauti.

Bibi yako, niliyekutuma uyoga.