Matusi ya Alhamisi

Alhamisi, 6 Machi
Redioni tena na Shemeji, kaka wa marehemu mke wangu na mtani wangu wa kutukanana. Wametupa robo saa kwa wiki, tusome matangazo kwa kilugha chetu kabla hakijafa. Zee lile! Leo kapewa tangazo la kuchemsha maji. Akavuta pumzi ndefu, akasoma: chemsheni maji, ila msimpe huyu niliyekaa naye, hata uso hanawi. Langu lilikuwa la hali ya hewa. Nikasema mvua inakuja, asiye na pipa aazime mdomo wa Shemeji. Meneja nyuma ya kioo anaitikia kwa kichwa — safi sana, wazee wangu! Haambulii neno. Nani anaambulia? Wanangu wa kuwazaa nikiwasemesha hujibu: Baba, ongea kama watu.

Jumamosi, 8 Machi
Makubwa! Muuza mkaa wa pale kona kanidaka, tena kwa kilugha! Eti Shemeji atanijibu nini wiki ijayo? Nilidhani tumebaki sisi wawili tu. Kumbe mama huyu hukaa redioni na wanawe, anawatafsiria. Na sasa watoto wanatukanana kwa kilugha, mama mtu anajigamba! Nikavimba kichwa. Alhamisi nammaliza.

Alhamisi, 13 Machi
Nimemmaliza. Nimesema hewani kwamba kwenye mazishi ya dada yake alifika sahani zinagawiwa. Uongo mtupu — kaburi alichimba yeye. Akavua hedifoni, akaondoka. Kimya hewani! Meneja akafoka: kipindi ni cha watu wawili, wiki ijayo nataka sauti mbili, la sivyo nafasi nawapa wauza dawa ya mende. Mende! Ndio warithi wetu.

Jumanne, 18 Machi
Shemeji kalazwa, kifua. Nikaenda wodini, tusi la kumfungulia nimelinoa njia nzima. Nikalitoa. Akanitazama. Akajibu kwa Kiswahili, tena kile cha kitabuni: "Asante kwa kuja, mzee mwenzangu. Karibu tena." Mzee mwenzangu! Kama nimekuja kusoma mita ya maji. Muuguzi akasema babu huyu ana adabu. Adabu! Tangu nizaliwe sijatukanwa hivyo.

Alhamisi, 20 Machi
Studioni. Kiti chake kitupu. Naandika huku wimbo ukicheza. Nilijaribu sauti mbili, yangu na yake. Muuza mkaa akapiga simu papo hapo: acha utapeli, si yeye huyo! Meneja anagonga saa yake kwa kidole.

Simu inaita tena. Fundi mitambo anasema ni ya wodini, mtu haongei, anakohoa tu. Nakijua kikohozi kile.

Wimbo umekwisha. Taa nyekundu. Simu iko hewani. Nilitaka kusema samahani. Nikamwambia kwa kilugha: hata kukohoa hujui, unabweka kama mbwa aliyemeza soksi.

Naandika nisimtazame meneja. Sasa Shemeji anavuta pumzi — ndefu, ile ile anayovutaga kabla ya —