Unga Usiokuwepo

Mjukuu wangu Rehema,

Salamu zako zimefika hapa Likoni. Babu yako hajambo, kikohozi kimemwachia. Umeniuliza utajuaje kuwa umeigiza vyema.

Mimi nilipokuwa shuleni, Mwalimu Zuhura aliyetufundisha maigizo alinikandisha chapati wiki nzima, unga wenyewe haupo. Nikinung'unika, husema, "Kanda, mwanangu."

Siku ya mchezo nikaketi jukwaani nikakanda, huku naogopa kuchekwa. Mara mama mmoja aliyekaa mbele akapaza sauti: "We mtoto, maji yamezidi!"

"Abee, mama," nikamwitikia, nikaongeza unga. Hakuna aliyecheka.

Mwalimu wala hakunisifu. Nilipotoka alinipa tu kitambaa nijifute mikono, nami nikajifuta.

Nyanyako akuombeaye,
Mwanaisha