Risala ya Atuganile

Mbugani, Kyela
14 Septemba 2024

Dada yangu mpenzi Tusekile,

Shikamoo. Mguu unaendeleaje? Umeanza kuukanyagia, au shemeji Godlove bado anakubeba mpaka bafuni kama gunia la mpunga? Watoto hawajambo? Huku sisi wazima, mavuno yalikuwa mazuri, na mimi ni mke wa mtu, leo wiki ya tatu. Nakuandikia kwa kalamu maana simu siku hizi siziamini. Jubilate anavuka mpaka wa Kasumulu kesho na mzigo wake wa mchele, ameahidi kukufikishia barua hii mkononi huko Karonga.

Ulitaka nikueleze harusi yote, kwa kuwa picha hazisemi. Kwanza, sikutaka wapambe. Wasichana sita wa sare moja, wamepangwa kama chupa za soda kwenye kreti, wa nini? Niliiambia kamati kwamba kila rafiki yangu wa karibu nitampa kazi yake mwenyewe, kazi ya kumfaa yeye tu. Watu walinisifu kwa ubunifu. Hata mchungaji alisema jambo hilo hajaliona popote.

Angetile, aliyetimiza miaka thelathini na mbili bila hata mtu wa kumpigia mluzi, nilimpa kubeba shela langu kutoka mlangoni mpaka madhabahuni, ili maishani mwake angalau alishike. Prisca, ambaye tangu mumewe amlalamikie unene anashindia matango, nilimpa kukata keki na kuwalisha wageni, meza baada ya meza. Nilimwona anavyomeza mate. Usinikunjie uso, Dada, unanijua nilivyo, na ungekuwepo ungecheka. Wote wawili walinikumbatia na kunishukuru.

Atuganile nilimweka wa mwisho. Unamkumbuka, yule wa Mwaya anayeuza samaki wa usipa sokoni, niliyekua naye. Usilolijua ni kwamba Atuganile hajui kusoma. Aliacha shule darasa la pili mama yake alipofariki, na aibu hiyo ameificha miaka yote. Aliyeijua ni mimi peke yangu. Mimi ndiye niliyemsomea kila karatasi na kila ujumbe wa simu, na mimi ndiye niliyemjibia. Nilimwambia kwamba siku ya harusi kazi yake ni kukaa karibu nami meza kuu na kupendeza. Akaenda kushona gauni la buluu, maskini, akawa anawaonyesha watu sokoni.

Basi watu walipokwisha kula, mshereheshaji akatangaza, kama nilivyomwelekeza, kwamba risala ya marafiki wa bibi harusi itasomwa na Atuganile, rafiki wa tangu utoto. Bahasha nilimkabidhi mwenyewe mbele ya kamera. Risala ile niliiandika siku mbili nzima nikaijaza maneno marefu marefu. Nilitaka watu wamwone. Zaidi, nilitaka mume wangu Aliko amwone, kwa sababu mama mkwe mpaka leo anamwita mwanangu, na Aliko akimsalimia hukawia kuuachia mkono wake.

Alisimama. Akaitazama karatasi, akanitazama mimi. Akaigeuzageuza karatasi mpaka ikasikika kwenye kipaza sauti. Mtu mmoja akauliza kwa nguvu kama imeandikwa Kichina, ukumbi mzima ukaangua kicheko. Mimi nikainua glasi yangu ya soda, nikamtabasamia. Sikufichi, Dada, nilikuwa nafurahi.

Ndipo akaikunja karatasi taratibu.

"Nisameheni," akasema. "Mimi sijui kusoma. Kisa, huyu bibi harusi, ndiye macho yangu, ila leo kwa furaha amesahau. Kila kitu ananisomea yeye. Hata ule ujumbe wa bwana harusi, miaka miwili iliyopita, wa kwamba mwanamke asiyejua kusoma, tena anayenuka usipa, hamfai, ni Kisa aliyenisomea huku analia. Sijui nani alikuwa amemwambia kuhusu kusoma kwangu. Shemeji Aliko, sina kinyongo. Ulisema kweli, na umepata msomi. Mungu awabariki. Ndaga fijo, asanteni sana."

Hakuna aliyecheka tena. Akina mama walipiga vigelegele huku wanafuta machozi, wakaenda kumtunza kuliko walivyonitunza mimi niliyevaa shela. Aliko hakupiga makofi. Aliweka uma chini, akaniuliza kwa sauti ya kusikia mimi tu, angewezaje kuandika maneno hayo wakati ndiyo kwanza anasikia kwamba Atuganile hajui kusoma.

Jibu nakupa wewe. Aliko hakuandika ujumbe ule. Alipokuwa kazini Tunduma alimwandikia Atuganile kila siku kwa miezi saba, na mimi ndiye niliyekuwa nasoma na kujibu. Siku alipoandika kwamba analeta washenga, nilimsomea Atuganile maneno yangu mwenyewe, yale ya usipa. Kisha kwa simu yake ileile nikamwandikia Aliko, kana kwamba ni Atuganile, kwamba nimeshaposwa Malawi, asinitafute, nikaifungia namba yake. Aliporudi Kyela amevunjika moyo, hataki hata kumwuliza Atuganile lolote, alinikuta mimi. Lakini niambie, Dada, maneno yaliyompendeza Aliko miezi yote ile yalikuwa ya nani? Yalikuwa yangu, kila neno. Nilichukua kilicho changu.

Tangu harusi Aliko hajanipiga wala kunitukana. Anakula, anashukuru, anakwenda kazini. Juzi aliniomba namba mpya ya Atuganile, maana ile ya zamani ilipotea pamoja na simu, nikampa. Ningesema nini?

Leo asubuhi Atuganile amekuja kunisalimia na sahani ya usipa. Tukiwa sebuleni simu yake ikalia, akanipa nimsomee kama kawaida. Ujumbe ulikuwa wa Aliko, naye alikuwa amesimama mlangoni, simu mkononi. Aliandika: "Kisa, msomee yale niliyoandika kweli." Atuganile akauliza ni nani. Nikamwambia ni kampuni ya simu, kifurushi chake kinakwisha.

Aliko akaingia, akaitoa simu ile mkononi mwangu bila kelele. Akakaa karibu na Atuganile, akafungua ya kwake, ambamo kumbe hakufuta kitu, akaanza kumsomea tangu ujumbe wa kwanza.

Mimi nimekimbilia jikoni, ndiko ninakoandikia. Nilisubiri kilio. Nilisubiri aje anivute nywele. Hakuja. Nilichosikia ni Atuganile akimwomba Aliko arudie ule wa washenga, na Aliko ameurudia mara tatu. Sasa hamsomei tena. Anamfundisha. Namsikia: a, e, i, o, u. Na Atuganile anafuata, polepole, wala sauti haimtetemeki.

Nisalimie shemeji na watoto, na mama mkwe wako pia. Niambie kama kile chumba cha uani bado kiko wazi, na kama nikija na masanduku mawili shemeji atanuna. Majibu mpe Jubilate, na uandike haraka, Dada. Atuganile ni mwepesi wa kushika. Darasa la pili alikuwa ananishinda.

Mdogo wako,
Kisa