Pakiti Iliyoganda

Kitinda mimba wangu,

Mapaja ya kuku yako kwenye bakuli la bluu, yamelala kwenye ndimu, kitunguu saumu na pilipili. Ukirudi kutoka karakana, nawa hiyo mikono ya grisi, washa oveni ishike moto kwanza, kisha yapange ngozi juu.

Yameyeyuka mapema kuliko nilivyopanga. Asubuhi shemeji yako alikuja kumfuata dada yako. Hakupiga hodi. Alimkamata nywele akambamiza uso kwenye mlango wa jikoni, mbele ya macho yangu, nami nimeshika pakiti ya hayo mapaja, imeganda kama jiwe. Nikampiga nayo mdomoni. Akasema, "Mama, haya hayakuhusu." Nikampiga tena, na tena, mpaka akatoka anatambaa. Pakiti ileile nikamwekea dada yako jichoni, ikayeyukia hapo. Haikupasuka, kwa hiyo usianze kuchagua chakula.

Tumekwenda hospitali, tukitoka huko tunapitia polisi.

~~Mtengee na shemeji yako paja moja.~~ Nimeukata huo mstari. Ni mazoea tu ya mkono.

Hasira zako nazijua. Usibebe nyundo ukaenda kumtafuta. Kumpiga nimeshamaliza mimi, zamu yako ni kuku. Paja la dada yako lichambue vipande vidogo vidogo, taya halifunguki vizuri.

Ukifagia jikoni, kuna jino chini ya friji. Si la dada yako.

Mama