Namwambia Baba ni Mtandao, Kumbe ni Macho Yake

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako na naomba unisome hadi mwisho, maana jambo lenyewe limeanzia kwenye gemu la magari, na mtu akisikia gemu anadhani ni utoto. Mimi ni mama wa mtoto mmoja, kazi yangu ni kupokea simu za wateja kwenye kampuni ya maji, kutwa nzima nawaambia watu tatizo linashughulikiwa, na naishi na baba yangu mzazi, dereva mstaafu wa malori ya masafa marefu, ambaye tangu mama atutoke alikuwa amenyamaza, si kwamba alikuwa anaumwa, alikuwa anakula, anasalimia, anarudi kwenye kiti chake, basi. Kaka yangu, fundi wa majokofu mwenye nyumba yake, ndiye aliyetuunganishia kwenye televisheni hii huduma ya kucheza gemu kwa intaneti, ile ambayo gemu lenyewe halimo ndani ya nyumba, linaendeshwa na kompyuta za kampuni huko mbali na sisi tunaletewa picha tu, na humo kuna gemu moja la kuendesha lori milimani, mshauri, baba alishika rimoti akarudi kuwa mtu. Akawa anawatukana madereva wa humo ndani, anacheka peke yake, ananihadithia safari ambazo sijawahi kuzisikia tangu nizaliwe.

Sasa huduma hizi zina setingi ambazo unazibadilisha hukohuko mchezo ukiendelea, unabonyeza kitufe, menyu inajitokeza pembeni, unachagua picha iwe safi sana lakini mtandao ukiyumba lori linachelewa kukutii, au picha iwe na ukungu kidogo lakini lori linaitika papo hapo, na kazi hiyo ilikuwa yangu, kwa sababu baba hataki kuondoa macho barabarani. Siku moja akaniambia, "Mama, ongeza picha, naona ukungu." Nikaongeza. "Bado." Nikaongeza mpaka mwisho, na mimi nilikuwa nimekaa nyuma yake, mbali na televisheni kuliko yeye, na nilikuwa naisoma namba ya gari lililotutangulia herufi kwa herufi. Akauliza, "Vipi?" Nikamjibu kwa sauti ileile ya kazini, "Ni mtandao, baba, leo umelemewa."

Basi ikawa ndiyo wimbo wetu, yeye anasema ukungu, mimi nafungua setingi, napandisha, nateremsha, najifanya nahangaika, namwambia tuvumilie. Kisha kaka akaja kututembelea, nikaogopa atasema mbona picha ni safi, nikaichukua rimoti kabla hajaketi nikaishusha picha mpaka chini kabisa, miti ikawa kama uji, kaka akakunja uso, "Huu mtandao wenu mbovu kweli," na baba akanigeukia kama mtu aliyetuliwa mzigo, "Umesikia? Si mimi peke yangu."

Mshauri, ningeyaacha hapo, lakini baba bado anaendesha gari, gari la kweli, na ndiye anayempeleka shule binti yangu, ambaye yeye anamwita Konda kwa sababu anakaa nyuma akipiga kelele za vituo. Juzi Konda akanisimulia, nikiwa namfulia soksi, kwamba babu hakumwona mama aliyekuwa anavuka na mkokoteni wa madumu mpaka yeye Konda alipopiga yowe, babu akafunga breki, yule mama akawatukana, babu akasema jua lilimpiga machoni. Siku hiyo kulikuwa kunanyesha. Nilipomuuliza baba alisema Konda anatia chumvi. Nikimwambia ukweli nitakuwa nimemnyang'anya magari mawili kwa mpigo, la barabarani na la kwenye televisheni, na atajua kwamba nilimdanganya, atarudi kwenye kile kimya chake, na nisipomwambia silali nikiwaza mkokoteni. Nifanye nini?

Binti wa Dereva

*

Binti wa Dereva,

Pole. Baba yako alikuwa amepotea akiwa palepale kitini, ukampata, na sasa unaogopa kumpoteza tena. Hilo naliheshimu. Pole nimekwisha kuitoa, sasa tusemezane.

Uongo wa kwanza ulikuponyoka, nausamehe. Wa pili uliutengeneza kwa kidole. Uliharibu picha nzuri ili kaka yako aione mbaya, ukampa mzee shahidi. Kila asubuhi anapowasha gari, anaondoka na uhakika uliompa wewe. Wahenga walisema mficha maradhi kilio humuumbua, lakini walikuwa wanamsema anayeficha yake. Wewe unaficha ya mwenzako, na kilio kinaweza kuangukia nyumba ya yule mama wa mkokoteni, ambaye hata haujui mtandao wenu.

Halafu unasema magari mawili. La barabarani, ndiyo, litaondoka. La kwenye televisheni nani amelitaka? Halijamgonga mtu. Usiyafunge kamba moja ili upate sababu ya kutolifungua lolote.

Kwa hiyo, kesho Konda asipande gari la babu yake. Kama una leseni, endesha mwenyewe. Kama huna, tembeeni, miguu mnayo. Jioni washa gemu, pandisha picha mpaka juu kabisa, umwambie: baba, hii ndiyo picha safi, mimi naisoma namba ya lile gari, wewe unaisoma? Kisha funga mdomo. Usimjibie, usimtafutie kisingizio, hiyo kazi umeifanya vya kutosha. Kaka yako asiwepo. Mtu mzima haambiwi mambo haya mbele ya hadhira. Na sehemu yako uiseme yote, pamoja na siku ile uliyoishusha.

Atakasirika. Mwache. Hasira haimgongi mtu kama funguo unazo wewe.

Na wiki hiihii mpeleke kwa daktari wa macho, si kwenye duka la miwani. Ukungu kwa mtu wa umri wake huenda ni mtoto wa jicho, na huyo hutolewa. Huenda ni kitu kingine kisichosubiri watu wamalize kuoneana haya. Mimi si daktari, wala wewe si daktari, na kwa muda wote huu umekuwa ukimtibu kwa setingi.

*

Jibu hilo nilimtumia binti moja kwa moja, sikungoja zamu ya ukurasa huu gazetini. Ameniruhusu nieleze yaliyofuata.

Baba yake aliisogelea televisheni, akauliza, "Hii ndiyo juu kabisa?"

"Ndiyo, baba."

"Na siku ile kaka yako alipokuja?"

"Niliishusha."

"Nilifurahi siku ile," akasema. Akainuka, akachukua funguo za gari kabatini, akamwekea binti yake mapajani, akaenda kulala. Hakumsemesha tena. Gemu hakuligusa. Hospitalini alimjibu daktari tu, binti akawa kama mtu aliyekutana naye foleni. Jicho la kulia ni mtoto wa jicho, na siku ya upasuaji imepangwa. La kushoto lina presha ya jicho, iliyokwisha kula uwezo wa kuona pembeni. Kilicholiwa hakirudi, kilichobaki kinalindwa kwa matone ya kila siku. Kuhusu kuendesha, daktari alisema hapana, na mzee akaitikia kwa kichwa.

Kwenda hospitali mzee alikaa kiti cha nyuma. Kurudi nyumbani aliendesha tena binti, kwa mara ya kwanza baba yake akiwa mbele, kiti cha abiria. Njia nzima mzee alitazama mbele, mikono magotini. Walipoikaribia mitaa yao akakohoa.

"Kuna kona inakuja," akasema. "Punguza mwendo, mama."

Binti anasema kona ilikuwa bado mbali, na yeye mwenyewe alikuwa hajaiona. Akapunguza.